Mfalme wa Kyoto na Pemba ya Mkononi Mwako

Ilunga mwanangu,

Mambo ya chandarua, dawa za malaria na sweta atakuambia shangazi yako, ambaye tangu asubuhi anafunga na kufungua mizigo yako kana kwamba unahamia mwezini. Mimi sina la kuongeza hapo. Umetoka kwenda kuagana na wenzako wa korali, na nawajua, mkianza kuimba hamjui kunyamaza. Basi nimesukuma madaftari ya wanafunzi pembeni ya meza nikuandikie nikiwa bado na haki ya kukuandikia.

Maana haki hiyo inakwisha. Kesho tunasafiri, na tukishafika wazee watakupaka pemba, ule udongo mweupe wa mtoni, kwenye paji la uso na mikononi, watakukalisha kwenye kiti cha babu yako, na tangu hapo sitakuita Ilunga tena. Nitapiga magoti kama wengine, nitapiga makofi, nitasema "Eyo Vidye", yaani "Ndiyo, Bwana", mimi niliyekufuta kamasi kwa ncha ya kitenge changu. Mchungaji ameniuliza kama Mmetodisti anaweza kumwambia mtu maneno hayo. Nimemjibu kwamba Mmetodisti anayemwambia direkta wake "ndiyo bwana" kila asubuhi anaweza kusema lolote. Sitaruhusiwa hata kukuona ukila, kwa sababu mulopwe, mfalme wetu, hula peke yake, mlango umefungwa, ili watu wasahau kwamba naye ana tumbo. Wala sitaruhusiwa kukukaripia. Kwa hiyo nakukaripia leo, karipio la miaka yote inayokuja.

Nimekukasirikia, Ilunga. Tangu Jumapili nakuwekea chai bila kusema neno, na wewe umekuwa ukinitazama kwa huruma, ukidhani ni majonzi ya mama anayeachwa na mtoto wake wa pekee. Majonzi yapo, sikatai. Lakini kilichonifunga mdomo ni hasira.

Unakumbuka walivyokuja baada ya ibada, baba yako mdogo Banza akimtangulia Honorable, mbunge wetu, kama mtu anayeongoza ng'ombe wa thamani. Honorable alikaa kwenye kiti cha marehemu baba yako bila kukaribishwa. Aliisifu sombe yangu ya majani ya muhogo, kisha akaiacha kwenye sahani akachagua nyama. Alikuita "Majesté", Mfalme Mtukufu, na kila alipokuita hivyo macho yake yalikuwa kwenye simu. Nimefundisha miaka mingi, namjua mwanafunzi anayesema "ndiyo Madame" huku akichora nyuma ya daftari. Huyu ndiye yuleyule, amenenepa tu.

Halafu akafika kwenye haja yake. Anataka ziwa letu dogo, lile lililo nyuma ya matete, ambako kijiji kizima kinavua samaki wakati mto umefura. Anataka kuliwekea uzio na walinzi, awe yeye peke yake wa kuvua na kuuza. Anajua kwamba serikali anaiweza. Asichokiweza ni wazee wetu, na wazee wetu wana kitu kimoja tu wanachokiheshimu kuliko bunduki: pemba ya mulopwe. Shefu akishampaka mtu pemba mkononi, jambo aliloliomba limepita, na hakuna mwenye kulifungua tena maadamu shefu huyo yu hai. Ndiyo maana akasema kwa sauti tamu kwamba, ukishakalishwa, angependa mkono wa kwanza kupakwa uwe wake.

Na wewe, msomi wangu wa kilimo, uliyenichosha likizo nzima kwa habari za mayai ya samaki na matete, ukajifuta mdomo taratibu ukajibu. Nimeyasikia maneno yako usiku na mchana tangu siku ile, sina haja ya kuyatafuta.

"Honorable, minyi sina neno. Kama bazee banakubali, nitakupakaa. Shefu haiko muntu ya kelele."

Honorable akacheka, akakugusa gotini kwa kiganja. Banza akacheka pia, kwa kuchelewa kidogo, kama anavyocheka kila mara. Walipoondoka nikakufuata jikoni nikakuuliza kama ulisikia ulichokisema. Ulikuwa unakula ndizi. Ukanijibu kwa upole, kama mkubwa anayemtuliza mtoto:

"Mama, usisumbuke. Shogun anapita, mfalme anabakia. Njo weye ulinifundishaka vile."

Nilikuwa na mwiko mkononi. Mshukuru Mungu kwamba unakaribia kuwa mulopwe na nilikuwa nimeanza kukuogopa.

Ni kweli, mimi ndiye niliyekufundisha. Baba yako alipokufa tulibaki wawili katika nyumba hii, na mimi sikuwa na hadithi za sungura na fisi, maana nililelewa misheni na kila hadithi ilikuwa ya Danieli. Nilichokuwa nacho ni kile kitabu kinene cha Kifaransa alichotuachia mmisionari mmoja aliporudi kwao, kuhusu Japani, chenye picha za rangi. Darasani Japani tunaifundisha harakaharaka, lakini kile kitabu nilikisoma chote. Nikakuhadithia kwamba katika mji wa Kyoto alikaa mfalme, mtoto wa jua, na mbali huko katika mji mwingine alikaa mtu wa vita aliyeitwa shogun, mwenye panga, askari na ghala zote za mchele. Shogun alitawala kwa jina la mfalme, na mfalme alinyamaza. Shogun akafa, mwanawe akatawala, na mjukuu wake, na mfalme bado alinyamaza. Mpaka siku moja mashogun wakaondolewa, na ukoo wa mfalme ukatoka nje ya lango ukiwa bado na kiti chake. Mvumilivu hula mbivu, nilikuambia, nikakufunika blanketi. Ulimpenda sana mfalme huyo. Ulikuwa unakaa kimya mkekani ukinyoosha mgongo na kusema wewe ndiye yeye.

Sasa msikie mfalme niliyekuficha.

Walikuwa wengi katika miaka hiyo mirefu, chukua mmoja tu. Jina lake lipo kitabuni, refu na lenye konsonanti za kuuma ulimi, na sijawahi kujisumbua kulikariri. Alipokuwa bado kijana shogun alimtungia sheria. Wewe umesikia vizuri, shogun ndiye aliyemtungia mfalme sheria. Na ya kwanza katika hizo ilisema kwamba kazi ya mfalme ni kusoma na kujifunza sanaa. Mimi ni mwalimu, Ilunga, na mtu anayesoma ananifurahisha kuliko mtu anayesali. Lakini anayekuamuru usome ili usichungulie dirishani hakupendi. Na yule bwana akakubali. Akasoma. Akawa hodari wa mashairi, hodari wa kuandika kwa brashi, hodari wa kupanga maua kwenye chombo. Alikuwa kama wale wavulana wa bweni wanaoshika nafasi ya kwanza kila muhula na hawajawahi kuuliza kwa nini mlango unafungwa kwa nje.

Alikuwa na mwanamke aliyempenda, wakazaa. Shogun hakufurahi, kwa sababu alikuwa na binti yake mwenyewe aliyekwisha kumpangia ikulu. Watu wa karibu na mfalme wakaadhibiwa. Mfalme yeye hakuguswa, mfalme haguswi. Akapokea mke aliyeletewa, kama tunavyopokea blanketi la msaada, bila kuuliza rangi. Nakuambia haya kwa sababu Honorable ana binti huko Lubumbashi ambaye Banza amekwisha kumtaja mara mbili mbele yangu, akimsifu kwamba anajua kompyuta. Huenda ni msichana mzuri. Mimi namsikitikia tu kwamba tayari amehesabiwa pamoja na samaki.

Safari kubwa ya maisha yake katika miaka aliyokuwa kitini, unajua ilikuwa wapi? Alikwenda kumtembelea shogun katika ngome yake palepale mjini Kyoto. Umbali wenyewe ni kama kutoka gare yetu ya treni kwenda na kurudi kanisani. Alibebwa, watu wakajaa njiani, wachoraji wakaichora safari hiyo kwa rangi ya dhahabu. Mtu mzima, mfalme wa visiwa vyote vile, na habari kubwa ya maisha yake ni kwamba alivuka mtaa kwenda kula kwa mwenye nyumba. Picha yake ipo kitabuni. Ulipokuwa mdogo uliibusu.

Halafu likaja jambo la mavazi. Mfalme alikuwa na haki moja ya zamani, kuwapa watawa wakubwa joho la zambarau kuwa heshima. Akawapa baadhi yao bila kumwomba shogun ruhusa. Ilikuwa mara yake ya kwanza kufanya jambo la kiume. Shogun akasema majoho yale ni bure, yavuliwe. Watawa wachache wakasimama wakasema hapana, tulipewa na mfalme. Wakapelekwa uhamishoni, kaskazini kwenye baridi. Wazee wenye vipara, waliosimama kwa ajili ya neno lake. Na yeye akafanya nini? Nilisoma ukurasa ule mara nyingi nikitafuta. Hakuwafuata, hakuwatetea mbele ya mtu yeyote. Alinuna. Kitabu kinasema kwa heshima kwamba alihuzunika sana, lakini mimi nina wanafunzi wa umri wa kununa na najua nilichokuwa nikikisoma.

Basi akaamua kuacha kiti, bila kumwambia shogun, kwa ghafula. Wengine wanasema ni kwa hasira ya majoho. Wengine wanasema alikuwa na jipu mgongoni, na dawa ya jipu huko kwao ilikuwa kuchoma majani juu ya ngozi, na mwili wa mfalme ni mtakatifu, hauruhusiwi kuchomwa. Kwa hiyo ilimbidi aache ufalme ili atibiwe jipu. Nachagua jipu. Linamfaa zaidi.

Na sasa fika pale nilipokuwa naruka kila ukiwa na usingizi, kwa sababu sikujua nikuambie nini. Alipoondoka kitini alimkalisha nani? Alimkalisha binti yake. Mtoto mdogo, Ilunga, umri wa kupoteza meno ya mbele. Akamvika yale mavazi mazito, akampandisha pale juu, mjukuu wa shogun kwa upande wa mama, hila ambayo watu wa ikulu waliiona ni ujanja mkubwa. Yeye mwenyewe akatoka kwa mlango wa nyuma. Yule msichana alikaa pale mpaka akawa mwanamke, kisha wakamwambia shuka sasa, zamu ya mdogo wako wa kiume. Hakuolewa maisha yake yote, kwa sababu mwanamke aliyekalia kiti kile haolewi. Kitabu kinampa mistari michache tu. Baba yake kinampa kurasa nyingi, kwa sababu alijenga bustani chini ya mlima, yenye bwawa na njia za kutembea, akaishi mpaka uzee mkubwa akitunga mashairi juu ya mwezi. Wageni wa nchi nyingi wanakwenda kuitazama bustani hiyo mpaka leo, wanasema ni nzuri kupita kiasi. Na iwe nzuri. Mimi simsamehei kwa maua.

Watu watakuambia alikasirika, kwamba ile ilikuwa njia yake ya kupinga. Alikasirika, ndiyo. Hasira yake ilimwangukia binti yake.

Lakini hata hayo siyo yanayonichefua zaidi. Linalonichefua ni hili. Shogun, pamoja na panga zake zote na ghala zake zote za mchele, hakuwa shogun mpaka mfalme amtamke. Cheo chenyewe kilitoka mkononi mwa yule mtu aliyefungiwa na maua. Walikuja Kyoto na maelfu ya askari, wakavua viatu, wakainama, wakangoja wapewe. Kumbe walikuwa wanamhitaji! Hawakuhitaji upanga wake, hakuwa nao. Walihitaji mkono wake. Na katika kitabu kinene chote kile sikuona siku hata moja ambapo mkono ule ulibaki gotini na mdomo ukasema "bado". Neno dogo. Hata mtoto analijua, akiitwa kuoga.

Na kuhusu huko kubakia unakonisomea. Mfalme anabakia, sawa. Lakini ni nani aliyemtoa nje ya lango mwishoni? Hakutoka mwenyewe kwa sababu ya uvumilivu wake. Walimtoa wanaume wengine wenye bunduki, waliotaka kumwangusha shogun na ambao nao walihitaji mkono uleule. Kilichobakia ni kiti. Kiti hubakia, mwanangu, ni mbao.

Nimemaliza na Wajapani. Nakuja nyumbani.

Baba yako mkubwa, aliyekalia kiti kabla yako, alikuwa mtu mpole, na nilimpenda kama shemeji. Ulikuwa unamwona wakati wa likizo na ukarudi ukinieleza jinsi alivyokaa bila kutikisika. Alikaa bila kutikisika kwa sababu Honorable alimletea lile kochi la ngozi lenye karatasi ya plastiki, na akaogopa kuivua plastiki ile, basi ukijisogeza kidogo kochi lote linapiga kelele. Alikuwa na televisheni ya umeme wa jua pia. Honorable alipomwomba pemba kwa ajili ya mfereji wa juu, ule mwembamba unaopita kwa akina Mama Ngoie, alipaka. Siku iliyofuata walinzi wakasimama pale. Aliniambia mimi mwenyewe, akicheka kwa aibu, "Shemeji, balikuwa banasimama kwa mulango, ningefanya je?" Nikamjibu kwamba hakuna neno, haya yatapita. Nilikuwa nimekwisha kuwa mwanafunzi wa mfalme wangu.

Mama Ngoie alikuja hapa Kamina. Wewe ulikuwa shuleni, hukumwona. Alikuwa ameuza samaki wa mfereji ule tangu ujana wake, samaki wakavu waliofungwa kwa majani, ulishawala mara nyingi. Alikaa kwenye kile kistuli cha jikoni, akakataa kiti, akaniomba nimseme shemeji yangu, kwa sababu mimi ni mwalimu na mjane wa nyumba ile na shefu alinisikiliza. Na alinisikiliza kweli, Ilunga. Ningesema, angalau angetokwa na jasho. Badala yake nilimtengenezea Mama Ngoie chai, nikamhadithia mfalme wa Kyoto. Mwanzo mpaka mwisho, na mbivu zake. Alisikiliza kwa adabu kama watu wanavyomsikiliza mwalimu, akanywa chai yote, akashukuru, akaondoka. Baadaye nikasikia mumewe amehamia Luena kutafuta kibarua, na yeye akamfuata pamoja na watoto. Hakunitukana. Hakurudi tu.

Ninajidharau kwa siku ile kuliko ninavyomdharau yule mtu wa bustani. Yeye angalau alikuwa na askari mlangoni. Mimi nilikuwa na nini mlangoni? Nilikuwa na hofu kwamba wakwe wangu watasema mjane wa Kamina anajifanya mwanamume, na kwamba Banza atakumbuka nyumba hii ni ya kaka yake. Nikaiita hofu hiyo uvumilivu, nikaifunga kwa karatasi nzuri ya Kijapani, na kila jioni nikakulisha. Ulikua ukiila. Jumapili ukaitapika mezani mbele ya Honorable, kwa sauti yangu, kwa maneno yangu, ukiwa na amani kabisa usoni. Hapo ndipo niliposikia jinsi inavyonuka.

Ndiyo maana nilikasirika nikashindwa kusema. Nilikuwa nikitafuta nimkasirikie nani.

Usidhani nakutaka uwe shujaa. Mashujaa nawafahamu, wamepita hapa na bunduki kwa majina mbalimbali, na kila walipopita tuliokota vyungu vilivyovunjika. Wala sikuombi umtukane Honorable, maana atafurahi kutukanwa, atapata sababu. Mpokee, mpe maji, mpe kuku. Muulize habari za binti yake wa kompyuta. Akikunyooshea mkono umpake, acha pemba ikae kwenye bakuli lake na mkono wako ukae gotini. Sema bado. Akiuliza lini, sema bado. Wazee watakohoa, Banza atatoa macho. Waache wakohoe. Pemba ikikaa bila kuguswa inakauka, inapasuka, inakuwa udongo tu, na udongo haujamuua mtu.

Unaweza kupoteza kiti. Nimelifikiria hilo. Wanaweza kukusukuma, wakamkalisha mwana wa Banza, ambaye angempaka pemba hata mbuzi akipewa soda. Basi utarudi. Chumba chako hakitapangishwa, na kilimo hakihitaji ngozi ya chui. Wakikufanyia baya zaidi ya hilo sijui nitaishi vipi, na sitajifanya najua. Ninaogopa, mwanangu. Nimeogopa maisha yangu yote, na nimechoka kukuandalia hofu kama chakula.

Lakini sikiliza kitu kimoja, kwa sababu keshokutwa hutaweza kunijibu na mimi sitaweza kukuambia. Nitakuwapo. Nitasafiri nyuma ya jeep pamoja na wanawake na masufuria, nitafika, nitavaa nguo yangu nzuri ya kanisani, nitapiga magoti mavumbini mbele yako na nitasema "Eyo Vidye" kwa sauti kuliko wote. Nitafanya kila ambacho mila inataka kutoka kwa mama. Nitainamisha uso. Lakini masikio yangu yatakuwa wazi, na Honorable akijitokeza mbele na kunyoosha ule mkono wake wa kwanza, nitainua macho. Ukiukamata na kuupaka, nitasimama. Mbele ya wazee, mbele ya Banza, mbele ya ngozi ya chui na ngoma zote, nitakuita kwa jina lako, ambalo hakuna aliye hai mwenye ruhusa ya kukuita, na nitakuambia ushuke hapo twende nyumbani. Wanaweza kunitoza mbuzi kwa kosa hilo. Wanaweza kunifukuza. Mama Ngoie nilimpa hadithi; safari hii sina hadithi iliyobaki.

Sauti zenu nazisikia toka barabarani, mmekuja mkiimba, na yule mwenye besi anakosea kama kawaida. Nitaiweka barua hii ndani ya kiatu chako cha kulia, kwa sababu nguo shangazi yako amezikagua zote.

Kesho asubuhi usinywe chai chumbani, wala usiniambie umeshiba kwa wenzako. Nitakaanga mayai na kuchemsha viazi. Njoo ukae mezani, Ilunga, kwenye kiti cha baba yako alichokikalia Honorable, ule polepole, nikuone ukitafuna.

Mama yako